Nani Aliyewahesabu Makocha?

Somo la historia la juma hili halina wafalme wala vita. Tutazungumza juu ya watu wa namna mbili. Wa kwanza ni mtu aliyefundisha timu ya mpira katika chuo cha Marekani, zaidi ya miaka mia moja iliyopita. Wa pili yu hai leo. Huketi usiku, baada ya kumaliza kazi yake ya mshahara, akatafuta na kuandika habari za yule wa kwanza, wala halipwi hata senti moja.

Nasikia swali lako: "Hayo yatuhusu nini sisi?" Ngoja nikupe kisa. Siku moja nilikwenda kukagua shule, na katika ofisi ya mwalimu mkuu nikaona kikombe kikubwa juu ya kabati, kimejaa vumbi. Nikauliza kilipatikana lini. Mwalimu mkuu hakujua. Mwalimu wa michezo hakujua. Tukamwita mlinzi, mzee wa siku nyingi pale shuleni, naye akasema, "Hicho ni cha wakati wa yule mwalimu mrefu." Jina la mwalimu mrefu? Hakulikumbuka. Basi kikombe kipo, na ushindi ulikuwapo, lakini mtu aliyeuleta ametoweka hata kwa jina. Njiani nikirudi nyumbani nilikuwa nikiwafikiria hawa waandishi ninaotaka kukueleza habari zao.

Kwanza tuujue mchezo wenyewe, maana si mpira huu tunaoucheza sisi. Mpira wa Kimarekani una umbo la yai, hubebwa kwa mikono na kurushwa, na wachezaji huvaa kofia ngumu na mito mabegani. Kila upande una watu 11. Kiwanja ni yadi 100 kutoka mstari wa goli hadi mstari wa goli. Timu yenye mpira hupewa nafasi nne za kusogea mbele yadi 10, na ikishindwa, mpira huwaendea wenzao. Hayo yatosha kwa leo.

Mechi ya kwanza kati ya vyuo viwili ilichezwa tarehe 6 Novemba 1869 mjini New Brunswick, katika jimbo la New Jersey, na Rutgers waliwafunga Princeton 6 kwa 4. Siku ile kila upande ulikuwa na watu 25, na mchezo ulifanana zaidi na mpira wetu wa miguu kuliko huo wa leo. Wala hapakuwa na kocha. Nahodha ndiye aliyepanga, aliyefoka, na aliyelaumiwa. Baadaye akaja Walter Camp wa Chuo Kikuu cha Yale, ambaye katika miaka ya 1880 alizitengeneza upya sheria hata mchezo ukapata sura yake, na polepole vyuo vikaanza kuajiri watu wa kufundisha. Mwaka 1892 Chuo Kikuu cha Chicago, ambacho ndiyo kwanza kimefunguliwa, kilimchukua Amos Alonzo Stagg na kumpa cheo kama cha walimu wengine wa chuo. Akakaa hapo mpaka 1932, akahamia chuo kingine cha California, akafundisha tena mpaka 1946. Alikufa mwaka 1965, umri wake miaka 102.

Sasa sikiliza jambo lenyewe. Mwaka 1905 vijana walikuwa wanakufa viwanjani, kwa maana mchezo ulikuwa mkali kupita kiasi, na hata Rais Theodore Roosevelt akawaita wakubwa wa vyuo Ikulu kuzungumza nao. Mwaka uliofuata kikaundwa chama cha kusimamia michezo ya vyuo, ambacho baadaye kiliitwa NCAA. Lakini chama hicho hakikuanza kuweka hesabu rasmi za mpira huu mpaka mwaka 1937. Toa mwenyewe: kutoka 1869 hadi 1937 ni miaka 68. Miaka 68 ya mechi, ya ushindi na ya kushindwa, bila daftari moja la pamoja! Kila chuo kilijiwekea hesabu zake kama kilivyopenda. Kingine hakikuweka kabisa. Kingine kiliweka, jengo likaungua moto.

Na hapa ndipo anapoingia yule mtu wa usiku. Tarehe 15 Januari 2001 ilianzishwa kamusi elezo iitwayo Wikipedia. Kamusi elezo ni kitabu cha kueleza mambo ya kila namna, moja moja kwa jina lake. Tofauti ya hii ni kwamba haichapwi kwenye karatasi, bali husomwa kwenye kompyuta na simu kwa intaneti, na kwamba mtu yeyote aweza kuiandika. Mwaka 2003 likaanza na toleo la Kiswahili. Lile la Kiingereza lina kurasa zaidi ya milioni saba, na maelfu yake ni ya makocha wa vyuo vya Marekani. Walioziandika ni watu wa kujitolea. Wengi wao hawakupata kuonana. Wamejigawia kazi, huyu vyuo vya jimbo hili, yule vya jimbo lile.

Fungua ukurasa wa kocha mmoja na utazame chini kabisa. Utakuta orodha ya wote waliowahi kuifundisha timu ya chuo kile, wa kwanza hadi wa sasa, na miaka ya kila mmoja. Jina lenye ukurasa wake limeandikwa kwa rangi ya buluu. Jina lisilo na ukurasa laweza kuandikwa kwa rangi nyekundu, kusudi msomaji ajue kwamba bado hakuna aliyeandika habari za mtu huyo. Mhariri wa kujitolea akiona jina jekundu hawezi kulala. Nakuambia kweli, kuna watu wamekaa miaka mingi wakiyageuza majina mekundu kuwa ya buluu, kama mkulima apaliliaye shamba lisilo na mpaka.

Afanyeje basi? Tuseme orodha inasema tu "Smith, 1899". Smith gani? Marekani ina akina Smith kama sisi tulivyo na akina Juma. Atafuta kwanza kitabu cha mwaka cha chuo kile, maana wanafunzi wa huko wana desturi ya kuchapa kitabu chenye picha kila mwaka. Kisha afungua magazeti ya zamani. Hapo zamani kazi hiyo ilitaka nauli na ruhusa ya kuingia maktaba. Sasa Maktaba ya Bunge la Marekani imepiga picha mamilioni ya kurasa za magazeti na kuziweka wazi, hivyo mtu aliye mbali aweza kusoma gazeti la kijiji la mwaka 1899 akiwa sebuleni kwake. Ataona tangazo kwamba Bwana Smith amewasili kufundisha timu. Atafuata mechi moja moja, ataandika nani walicheza na nani, na matokeo. Mwisho atatafuta habari za kifo, na mara nyingi hapo ndipo mtu anapojulikana mzima: kumbe alifundisha mpira mwaka mmoja tu, akaenda kuwa daktari wa meno, au hakimu, au muuza mbao.

Kila sentensi hupewa namba ndogo inayoonyesha ushahidi ulikotoka. Hesabu yenyewe huandikwa kwa tarakimu tatu: mara alizoshinda, alizoshindwa, na sare. Kama hesabu ya kocha ina tarakimu mbili tu, huenda ni mtu wa karibuni, kwa sababu tangu 1996 mechi ikiwa sare huongezwa muda mpaka mmoja ashinde.

Huenda ukafikiri kazi kama hiyo ni ya karani tu, kujumlisha. Haya, nikupe hesabu ya kujumlisha. Kulikuwa na kocha mmoja mashuhuri, Glenn Warner, ambaye wachezaji wake walimwita Pop, yaani Baba. Ndiye aliyefundisha timu ya shule ya Carlisle ya Pennsylvania, ambako vijana wa makabila ya asili ya Marekani walipelekwa wasahau lugha zao, nao wakajulikana nchi nzima kwa kuvifunga vyuo vikubwa. Mwaka 1895 Warner alikubali kazi mbili. Alifundisha timu ya chuo cha kilimo cha Iowa mwanzoni mwa msimu, kisha akaenda Georgia kufundisha timu nyingine. Sasa mechi ambayo Iowa walicheza wakati Warner yuko Georgia, ni ya nani? Ni yake, kwa kuwa ndiye aliyeajiriwa? Ni ya nahodha aliyekuwa uwanjani? Na Stagg naye, msimu wake wa kwanza wa 1892, timu yake changa ilicheza hata na shule za sekondari za mjini Chicago. Je, kuwafunga watoto wa shule ni ushindi wa chuo kikuu?

Si maswali ya mchezo hayo. Tarehe 28 Novemba 1981, Paul Bryant wa Alabama, aliyejulikana kwa jina la Bear, yaani Dubu, aliwafunga Auburn 28 kwa 17. Nchi nzima ilishangilia, kwa maana huo ulikuwa ushindi wake wa 315, na magazeti yalikuwa yameandika kwamba Stagg alishinda mara 314 na Warner mara 313. Lakini hesabu za Warner zilipopekuliwa, zikafika 319. Tazama basi! Kwa hesabu hiyo Stagg hakuwa wa kwanza, na siku ile ya shangwe Bryant alikuwa bado. Bahati njema aliendelea mwaka mmoja zaidi, akafika 323, akawapita wote kwa hesabu yoyote utakayoichukua. Alikufa Januari 1983, wiki chache tu baada ya mechi yake ya mwisho.

Nawaomba sasa mnisikilize kwa makini zaidi, maana hadi hapa nimewaeleza habari za vyuo vya wazungu peke yake, kama vile vitabu vilivyofanya kwa muda mrefu.

Vijana weusi wa Marekani nao walikuwa na vyuo vyao, hasa katika majimbo ya kusini, ambako sheria ziliwatenga. Desemba 1892, katika mji wa Salisbury, North Carolina, chuo cha Biddle kilicheza na chuo cha Livingstone uwanjani penye theluji, na Biddle wakashinda. Hiyo huhesabiwa kuwa mechi ya kwanza ya vyuo vya watu weusi. Magazeti makubwa hayakujali michezo hiyo. Aliyetaka matokeo ilimpasa kununua magazeti ya watu weusi wenyewe: Afro-American la Baltimore, Chicago Defender, au Pittsburgh Courier, ambalo tangu mwaka 1920 lilikuwa likitangaza bingwa wa vyuo hivyo kila mwaka.

Mwaka 1941 chuo kimoja kidogo cha Louisiana, kilichoitwa wakati huo Louisiana Negro Normal and Industrial Institute, kiliajiri kijana wa miaka 22, Eddie Robinson. Kabla ya hapo alikuwa kibarua katika kinu cha chakula cha mifugo mjini Baton Rouge kwa senti 25 kwa saa. Msimu wa kwanza alishinda mara tatu na kushindwa mara tano. Msimu wa pili, 1942, alishinda mechi zote tisa, na hakuna timu hata moja iliyopata pointi dhidi yake. Kisha vita ikasimamisha mpira chuoni kwa miaka miwili. Chuo kikabadili jina kuwa Grambling, na Bwana Robinson akabaki pale pale mpaka 1997. Tarehe 5 Oktoba 1985, mjini Dallas, Grambling waliwafunga Prairie View 27 kwa 7. Ushindi wa 324. Bryant alikuwa amepitwa.

Hapo ndipo maneno yalipoanza. Wengine walisema, "Robinson alicheza na vyuo vidogo, hesabu yake si sawa na ya Bryant." Mimi nakuuliza, kwa nini alicheza na vyuo vidogo? Mchezaji mweusi wa kwanza kuichezea timu kubwa ya Alabama alicheza mwaka 1971. Wakati huo Bwana Robinson alikuwa na miaka 30 kazini. Hakuwachagua wapinzani wake. Alichaguliwa na sheria za nchi. Kumtenga mtu uwanjani kwanza, na baadaye kumtenga tena kwenye hesabu kwa sababu hakuwamo uwanjani, ni hila ambayo hata mtoto huiona. Robinson alimaliza na hesabu ya 408–165–15. Baadaye, mwaka 2003, John Gagliardi wa chuo cha Saint John's cha Minnesota alimpita, naye akaacha kazi mwaka 2012 akiwa ameshinda mara 489. Chuo cha Gagliardi pia kilikuwa kidogo.

Jina la Robinson limekuwa kubwa mno, halihitaji mtu wa usiku kulitetea. Wanaomhitaji ni wale wengine. Kamusi hii ina sheria zake, na moja ni ngumu: mhariri haruhusiwi kuandika anachokijua mwenyewe. Hata kama babu yake alikuwa kocha, hata kama amekaa miaka mingi akisikia habari hizo kutoka kinywani mwa babu, ni lazima ziwe zimechapwa mahali ambapo msomaji mwingine aweza kuzithibitisha. Tena mtu mwenye ukurasa ni lazima awe ameandikwa habari zake na wengine kwa kirefu kidogo, si kutajwa jina tu. Mwaka 2022 masharti ya kurasa za watu wa michezo yalikazwa zaidi. Mhariri yeyote aweza kuleta hoja kwamba ukurasa fulani ufutwe. Hoja hujadiliwa kwa siku saba, na ushahidi usipopatikana, ukurasa hufutwa.

Ona inavyokuwa. Kocha wa chuo kikubwa cha wazungu aliyefundisha msimu mmoja na kushindwa mechi zote ana magazeti kumi ya kumshuhudia, maana mji wake ulikuwa na magazeti na yote yamehifadhiwa. Kocha wa chuo cha watu weusi aliyeshinda mara sabini alishuhudiwa na gazeti moja, nakala zake nyingi zimepotea, au ziko katika filamu ambazo hazijawekwa kwenye intaneti. Kwa sheria ile ile, isiyobagua mtu, wa kwanza atabaki na wa pili yuko hatarini. Mimi sisemi sheria ni mbaya. Bila sheria hiyo kila mtu angemwandika mjomba wake kuwa bingwa wa dunia, na kweli wapo waliojaribu. Lakini namkumbuka yule mlinzi wa shule. Alikuwa shahidi wa haki, naye angekataliwa.

Kwa hiyo mhariri mwema ni yule asiyesema "hakuna ushahidi" kabla hajautafuta kwa jasho. Nikupe mfano wa mtu aliyepatikana. Matthew Bullock alizaliwa North Carolina, na wazazi wake walikuwa wamepata kuwa watumwa. Familia ilihamia kaskazini, kijana akasoma chuo cha Dartmouth na kucheza mpira huko. Mwaka 1904 chuo cha kilimo cha jimbo la Massachusetts, chenye wanafunzi karibu wote wazungu, kilimpa timu yake aifundishe. Mwaka 1904! Akafundisha tena 1907 na 1908. Akasomea sheria Harvard, akawa wakili, na baadaye akakaa katika bodi ya jimbo iliyoamua habari za wafungwa waliostahili kuachiliwa kabla ya muda. Misimu mitatu tu ya mpira. Katika orodha ya makocha angeweza kuwa mstari mmoja, jina na miaka, na msomaji asingejua hata rangi yake.

Kuna wakati mhariri hupata shida ya namna nyingine kabisa, ushahidi ukiwa mwingi lakini wakubwa wakabadili maneno. Joe Paterno wa Penn State aliondolewa kazini mwaka 2011 akiwa na ushindi 409. Mwaka huo ilifichuka kwamba msaidizi wake wa zamani alikuwa akiwanajisi watoto wa kiume, na wakubwa wa chuo wakalaumiwa kwa kunyamaza. Julai 2012 chama cha NCAA kilitoa adhabu, na katika adhabu hiyo kikamfutia Paterno ushindi 111; wakati huo alikuwa amekwisha kufa. Januari 2015, baada ya mashauri, ushindi ule ukarudishwa wote. Mhariri aandike nini? Mechi zilichezwa, maelfu ya watu waliziona, magazeti yaliandika matokeo. Waandishi wale waliandika yote: hesabu ya uwanjani, tarehe ya kufutwa, sababu yake, na tarehe ya kurudishwa. Palikuwa na ugomvi, maana wengine walitaka kumsafisha mzee na wengine walitaka kumzika mara mbili. Lakini kila badiliko lililofanywa katika ukurasa huwekwa, pamoja na saa yake, na hata leo waweza kurudi nyuma ukausoma ugomvi ule neno kwa neno.

Kitu cha mwisho. Wapo vijana wahuni ambao huingia katika kurasa hizo na kuandika matusi, au kuongeza ushindi wa kocha wao usiku wa kuamkia mechi. Mara nyingi hufutwa katika dakika chache, kwani mtu aliyeuandika ukurasa huwa anauchungulia, kama mama achunguliaye chungu jikoni.

Kwa vikundi vyetu vya kusikiliza, swali la kujadiliana ni hili: taja mtu mmoja wa wilaya yako aliyefundisha timu, kwaya au ngoma, ambaye habari zake hazimo katika karatasi yoyote. Mtamwandikaje, ili mgeni asiyewajua nyinyi aweze kusadiki? Katibu wa kikundi aandike majibu pamoja na majina ya wazee mliowauliza na tarehe mliyowauliza, ayalete kituoni kabla ya somo lijalo.

Kwaherini.